Mgeni wa Stoo

Wateja walimwita Mama Pasi, na mgeni aliyefika pale kwa dobi kwa mara ya kwanza alidhani Pasi ni jina la mtoto wake. Hakuwa na mtoto wa kuitiwa. Jina alipewa na pasi yenyewe, kwa kuwa alikuwa amesimama nyuma yake miaka thelathini na ushee, na kwa kuwa watu hawawezi kumwona mwanamke wa miaka hamsini na minne bila kumfanya mama wa kitu fulani, hata kama kitu chenyewe kina waya na kinatema mvuke.

Alikuwa fundi hasa, tusimpunje. Shati alianza na kola, upande wa ndani kwanza, akaja mabegani, akashuka mikononi, na mgongo akaumaliza kwa mikupuo miwili. Suruali iliyopita kwake ilitoka na mstari ulionyooka mpaka mwenyewe akaogopa kukaa. Ulimi nao haukulala. Mteja akileta shati lililokunjamana, angelinyanyua kwa vidole viwili na kumuuliza mbele za watu, “Hili ulilivaa au ulilitafuna?” Watu wangecheka, mteja naye angecheka, na wiki ijayo angerudi na mashati matatu.

Mtu mcheshi namna hiyo humdhanii kuwa ana jambo. Yeye alikuwa nalo, na hakuwahi kumtolea mtu. Alikuwa amewahi kuzaa. Mtoto wa kike, aliyemwita Tone kwa udogo wake, aliishi miaka miwili kasoro miezi miwili, akafa. Hilo peke yake ni zito vya kutosha, lakini kuna lililokuwa likimla zaidi: alikuwa amesahau uso wa mtoto wake. Uzito wake mgongoni aliukumbuka. Joto la kisogo chake alilikumbuka. Uso sasa, kila akijitahidi kuuita, ulikuja uso wa mtoto mwingine, wa jirani au wa mteja, na picha hakuwa nayo hata moja. Angeulizwa anataka nini duniani, asingetaja nyumba wala shamba. Angetaka kuuona uso ule mara moja tu.

Jumanne moja, saa nne asubuhi, aliingia pale dukani mwanamke mwenye miwani juu ya kichwa na mikono mitupu. Mtu anayekuja kwa dobi mikono mitupu huwa amekuja kulalamika, kwa hiyo Mama Pasi aliinua kidevu tayari kwa vita.

“Dada,” yule mwanamke alisema. “Dada, ni mimi.”

Ilikuwa nyumba moja tu duniani iliyopata kumwita Dada kwa sauti ya namna ile, ya mtoto anayetaka kubebwa. Mama Pasi alimtazama vizuri, akavuka miaka yote ile usoni mwake mpaka akamfikia mtoto wa miaka mitano.

“Chiriku?”

“Nimekutafuta miezi miwili,” Chiriku alisema, akaanza kulia hapo hapo, katikati ya makoti ya watu.

Mama Pasi alikuwa na miaka ishirini alipoajiriwa kwao kama dada wa kazi. Alipika, alifua, alipiga pasi, alilea watoto wawili: mvulana wa miaka tisa na huyu binti aliyezungumza tangu anapofumbua macho mpaka anapoyafumba, ndiyo maana akamwita Chiriku. Baba yao alikuwa mpima ardhi. Safari moja alirudi na kamera ya video, na tangu siku hiyo chakula hakikuliwa kwenye nyumba ile kabla hakijapigwa picha. Majirani walimwita Mzee Kamera. Hakuwa mtu mbaya, ila kwa kamera yake alikuwa mkali kama askari wa mlangoni: asiguse mtu. Na kwa dada wa kazi alikuwa na amri moja aliyoirudia kila siku: “Toka kwenye picha, binti, unaniharibia.” Akajifunza kutoka. Alijua kwa mlio tu kamera imeelekea wapi, na angeweza kupita sebuleni na sinia la vikombe sita bila kuonekana hata kisigino.

“Baba alifariki, miaka sita sasa,” Chiriku alisema alipokwisha kufuta machozi. “Mama yupo, macho ndiyo yamekwenda. Presha ya macho. Nakaa naye mimi na binti yangu. Sasa, Dada, nilizitoa zile kanda za Baba, nikampelekea fundi akazihamishia kwenye flashi. Nikasema watoto wetu wamwone babu yao. Laiti nisingefanya hivyo.”

“Kuna nini?”

Chiriku alitazama nyuma, akashusha sauti. “Ile nyumba ina kitu.”

Kisha akaeleza, na alieleza kama zamani, bila nukta. Kwamba kwenye kanda ya tisa yeye mwenyewe amesimama anaimba, na nyuma kunasikika mtoto mchanga akilia, na nyumba ile wakati ule haikuwa na mtoto mchanga. Kwamba kila kilio kinapoanza, sufuria zinaanguka jikoni zenyewe, paa, paa, mpaka kilio kinyamaze. Kwamba kuna mahali kaka yake anapanda kiti, kiti kinayumba, na unatokea mkono pembeni ya picha, mkono peke yake bila mtu, unakishika kiti, halafu unarudi ulikotoka.

Mama Pasi alisikiliza huku pasi ikiwa hewani. Mkono ule ulikuwa wake. Sufuria zile alizidondosha yeye, tena moja ilivunjika mpini akakatwa mshahara. Angecheka, kama lile la mtoto lisingekuwemo.

“Lakini hayo si kitu,” Chiriku alisema. “Kanda ya kumi na mbili. Tarehe ipo pembeni ya picha, na mwezi ule Baba alikuwa porini na kazi yake. Nyumba tupu, mchana. Kamera inatembea yenyewe, Dada. Inapita kwenye ujia, inapita jikoni, inatokea uani. Unasikia mtu anahema, humwoni. Inakwenda mpaka kwenye kile chumba chako, kile cha stoo. Mlango unafunguka. Chini ya kitanda kuna mtoto amekaa. Anakutazama.”

“Mtoto wa namna gani?” Mama Pasi aliuliza, na sauti yake mwenyewe aliisikia ikitoka mbali.

“Sijui! Nani alikaa kumwangalia? Kaka aliruka kochi, daktari wa meno mzima, mtu anayeng’oa watu meno wakipiga kelele. Tukazima. Binti yangu alichungulia mlangoni akaona, tangu siku hiyo uani hakanyagi. Tumeleta watu wa kuomba mara mbili. Mama hatujamwambia, ana shinikizo la damu, tumemdanganya kuwa maombi ni ya mitihani ya mtoto. Sasa Kaka amesema basi. Leo mchana akitoka kazini anazichoma zote, kanda na flashi. Nikasema kabla hajachoma lazima nikupate, wewe ulilala kile chumba. Uliwahi kuona kitu?”

Mama Pasi aliiweka pasi kwenye kibao chake, akachomoa waya ukutani, jambo ambalo wenzake hawakuwahi kumwona akilifanya kabla ya saa kumi.

“Twende,” alisema.

Ndani ya gari Chiriku aliongea, Mama Pasi hakusikia neno. Alikuwa amerudi kwenye kile chumba, nusu yake kitanda chake, nusu magunia ya mkaa na matairi ya zamani ya Mzee Kamera.

Alipoajiriwa aliulizwa kama ana mtoto, akasema hana. Sharti la kazi lilikuwa hilo, na Tone alikuwa kwa bibi yake. Kisha bibi akafa. Ndugu mmoja alimleta mtoto mpaka kwenye lango la nyuma, akamkabidhi pamoja na kifurushi cha nguo, akaenda zake kama aliyefikisha mzigo. Tone alikuwa na mwaka mmoja na miezi saba. Ungemfanyaje? Alimwingiza ndani akafunga mlango. Alisema moyoni, siku mbili tu, nipate pa kumpeleka. Zikawa wiki kumi na moja.

Alimfundisha kukaa kimya. Ni kitu kibaya kumfundisha mtoto, na alilijua hilo wakati akimfundisha. Alimwekea vifuniko vya chupa achezee, alikuja kumtazama kila alipotumwa uani, na kila alipotumwa sokoni alikwenda na kurudi mbio na roho mkononi. Bahati yake ilikuwa moja. Bibi mwenye nyumba, mama yao Chiriku, alikuwa na kikohozi. Kila alipotaka kutoka kwenda uani alikohoa kwanza, mara mbili au tatu, akakawia kidogo mlangoni, ndipo akatoka. Kikohozi kile kilimpa Mama Pasi muda wa kumsukumia mtoto chini ya kitanda na kutoka na ndoo mkononi. Alikishukuru. Usiku mwingine alimwomba Mungu mama wa watu asipone.

Ikafika jioni ile. Wamekaa mezani, yeye anapakua, Mzee Kamera akaweka kijiko chini na kusema bila kumtazama mtu, “Naona uani kuna kitu kinalia siku hizi. Kesho nitakwenda kutazama ni nini.” Kijiko cha kupakulia kilimponyoka. Bibi mwenye nyumba alimtazama, akamtazama tena, kama anayesubiri kitu, naye akaokota kijiko akaenda kukiosha. Alfajiri, kabla nyumba haijaamka, alikuwa amekwisha kuondoka na Tone mgongoni. Alimpeleka kwa shangazi yake, mbali, kwenye nyumba yenye watoto wanane, akarudi kazini siku ya pili na uongo wake tayari. Siku ya kumi na tisa ilikuja habari kuwa surua imepita kwenye nyumba ile na mtoto ameshazikwa. Alimwambia bibi mwenye nyumba kuwa ameitwa kwao. Hakurudi tena.

Miaka yote ile alikuwa na neno moja la kujitulizia, na alilishika kama mtu ashikavyo ukuta gizani: kwamba hakuwa na la kufanya. Wangemfukuza. Wangekuwa njiani wote wawili, yeye na mtoto, hawana mbele wala nyuma. Hakuwa na la kufanya.

Bibi mwenye nyumba alikuwa sebuleni, kwenye kiti cha mkono, uso ameuelekeza dirishani ingawa halikumpa kitu tena. Alisikia nyayo akainua kichwa.

“Nani huyo anayekanyaga kana kwamba anaomba radhi?”

“Shikamoo, Mama,” Mama Pasi alisema. “Ni mimi. Dada.”

Yule bibi akanyoosha mikono yote miwili mbele, hewani. “Marahaba, mwanangu. Njoo nikuguse. Umepotea wewe! Mtu anaitwa kwao siku moja anakaa huko milele?”

Alimpapasa uso, akampapasa mabega, akacheka kwamba amenenepa, akaagiza chai. Mama Pasi alijibu alivyoweza. Macho yake yalikuwa dirishani, kwa sababu uani, karibu na shimo la taka, alikuwa amemwona mwanamume mrefu mwenye shati safi akipanga kanda juu ya majani makavu, na kando yake dumu la mafuta ya taa.

Alikwenda mbio. Mwanamke wa miaka hamsini na minne, magoti yenyewe ya kusimama kutwa, alikimbia.

“Kaka, ngoja!”

Daktari wa meno aligeuka. Alimtambua, akataka kufurahi, lakini kiberiti kilikuwa mkononi. “Dada! Umeambiwa? Basi unaelewa. Mimi nina watoto.”

“Nataka kuiona. Ile ya kumi na mbili.”

“Ya nini, Dada? Utakosa usingizi bure.”

“Usingizi wangu niachie mwenyewe. Nionesheni, halafu mchome mpaka paa la nyumba mkitaka.”

Walimpeleka chumba kilichokuwa cha baba yao, wakafunga mlango ili mama asisikie. Chiriku alichomeka flashi kwenye televisheni. Daktari alisimama karibu na mlango, kitasa mkononi, kwa kisingizio kuwa kuna joto.

Ikaanza. Ujia ule ule, na zulia lenye kona iliyojikunja ambayo kila mtu alijikwaa. Picha ilitikisika kwa hatua. Kweli kulikuwa na mtu anahema, taratibu, kama aliyebeba kitu asichokizoea. Jiko likapita, na juu ya kamba kulikuwa na vitambaa alivyovianika yeye mwenyewe, asubuhi ya siku ambayo hakuijua tena ni ipi. Mlango wa uani. Jua likaifanya picha nyeupe tupu, kisha rangi zikarudi, na mlango wa stoo ukaja mpaka ukajaza kioo chote. Ukafunguka. Giza. Ndani ya giza, chini ya kitanda, macho mawili.

Chiriku alipiga yowe dogo akazima. “Hapo ndipo tunapoishia siku zote.”

“Washa.”

“Dada, mimi siwezi...”

“Washa, nimesema!” Ilikuwa sauti ile ile iliyowafanya zamani wamalize uji, na wote wawili, mwenye miaka thelathini na tisa na mwenye arobaini na mitatu, wakatii.

Macho mawili. Kamera ikashuka, ikawekwa sakafuni, ikayumba, ikatulia. Giza likapungua. Na Tone akatoka chini ya kitanda kwa magoti, akaja mpaka kwenye mwanga, akaikodolea kamera kwa udadisi.

Alikuwa na paji pana la uso. Mama Pasi alikuwa amelisahau hilo. Alikuwa na nyusi nyembamba, moja imepanda juu kidogo kuliko nyingine, kana kwamba kila anachoambiwa hakiamini vizuri. Alikuwa na kijishimo kwenye shavu moja tu, la kushoto. Midomo yake ilikuwa wazi, na meno ya mbele yalikuwa manne, mapana, yameachana. Mama Pasi hakulia. Alisogea mpaka magoti yake yakagusa meza ya televisheni, akaanza kuutazama uso ule kama mtu anayesoma barua, kutoka juu kwenda chini, asiruke neno.

Kisha mkono uliingia kwenye picha. Mkono wa mtu mzima, wenye yai lililomenywa.

“Mungu wangu,” daktari alisema, akafungua mlango.

Lakini Mama Pasi alikuwa anatazama nguo. Ilikuwa gauni la nyumbani la buluu, mikono mirefu, na karibu na kifungo cha mkono palikuwa na alama ya hudhurungi yenye ncha, umbo la pasi. Mtu wa pasi husahau mambo mengi ila nguo aliyoiunguza haisahau. Aliiunguza wiki yake ya pili kazini, akapiga magoti kuomba radhi, na mwenye gauni akamwambia litakuwa la kushindia ndani, basi, inuka.

“Mgeni wangu, hujambo?” sauti ilisema kwenye televisheni, ya chini, ya furaha. “Leo nimekuja na kamera ya mzee, usimwambie mtu. Haya, tule. Tumalize kabla mama yako hajarudi, asije akatukuta akaona haya.”

Tone akalipokea yai kwa mikono miwili, akaliuma, akacheka mdomo umejaa. Kicheko kile kilijaza chumba. Halafu picha ikakatika.

Chiriku alikuwa ameziba mdomo kwa viganja. Mlangoni, mkono mmoja ukipapasa ukuta, alikuwa amesimama mama yao.

“Kumbe ilirekodi,” alisema. “Nilibonyeza pale pekundu kama nilivyomwona baba yenu. Siku zote nilidhani nimekosea.”

“Mama,” daktari alisema, “ni wewe? Mtoto wa nani yule?”

“Wangu,” Mama Pasi alisema. Lilikuwa neno fupi, na hakuwahi kulisema mbele ya mtu yeyote kwa miaka thelathini na minne. Akamgeukia bibi. “Ulijua.”

“Tangu wiki ya kwanza. Nyumba ni yangu, mwanangu, nisisikie mtoto?” Alitafuta kitanda kwa mkono akaketi. “Nilikuwa nakutuma soko la mbali makusudi, nipate kukaa naye. Na nikitaka kutoka kwenda uani ulipokuwepo nilikuwa nakohoa kwanza, ili upate muda. Nilikuwa nakustahi. Ulikwisha sema huna mtoto, ningekuvuaje nguo kwa kukuambia unaye? Nikasema nitasubiri aniambie mwenyewe. Nilizungumza na mzee, akagoma, nikamkalia kooni, mwishowe akakubali. Akasema, akisema mwenyewe, mtoto akae, ale na wenzake mezani. Ndipo tukapanga aseme lile neno la mezani, kukufungulia mlango. Ukaokota kijiko. Asubuhi mtoto hayupo.”

Mama Pasi alishika ukingo wa meza. Ukuta wake wa miaka yote ulikuwa umebomoka, tena bila kishindo. Alikuwa na la kufanya. Lilikuwa sentensi moja, kijiko kikiwa mkononi. Hasira ilimpanda, na haikujua iende kwa nani. Kikohozi, yai, soko la mbali, yote hayo ili asione haya. Na yeye kwa upande wake, mbio zote zile, sufuria zote zile, ili asionekane. Watu wawili wazima walistahiana vizuri sana juu ya kichwa cha mtoto. Laiti mmoja wao angekuwa hana adabu.

“Nilikasirika ulipomwondoa,” bibi aliendelea, na sasa alikuwa anatabasamu kuelekea mahali alipodhani Mama Pasi amesimama. “Nilimzoea. Nikajituliza, nikasema yuko kwao, anakimbia nje juani, ni bora. Kila mwaka nimekuwa nikimhesabia umri. Sasa ni mtu mzima, sivyo? Ana watoto? Wangapi?”

Chiriku alimtazama Mama Pasi, akalisoma jibu usoni mwake, na kwa mara ya kwanza maishani alinyamaza mwenyewe. Daktari alitikisa kichwa polepole, akagusa kifua chake upande wa moyo, kisha akamwelekezea kidole mama yake: ana presha.

Jibu lilikuwa tayari ulimini. Wawili, Mama, wazima, wanakusalimu. Lilikuwa jepesi, na lilikuwa la heshima. Yule bibi angelala nalo vizuri mpaka mwisho wake. Mama Pasi alilitazama jibu lile akaona ni kikohozi kingine.

Alikwenda akaketi kando yake kitandani, akamshika mikono.

“Alikufa, Mama. Siku ya kumi na tisa tangu nimtoe hapa. Surua.”

Mikono ya yule bibi ilibana, ikabana zaidi, mpaka vidole vikauma. Uso wake ulijikusanya kidogo kidogo, na machozi yakatoka kwenye macho ambayo hayakuwa na kazi nyingine tena. Chiriku alitaka kumkimbilia, Mama Pasi akamzuia kwa kichwa. Walikaa hivyo. Walilia wote wawili, bega kwa bega, kila mmoja kwa kosa lake, na daktari wa meno alitoka nje, na kupitia dirishani walimsikia akizirudisha kanda kwenye sanduku, moja moja.

“Alikuwa anaitwa nani?” bibi aliuliza baadaye. “Sikuwahi kujua. Nilimwita mgeni.”

“Tone.”

“Tone,” bibi alisema, akalirudia mara mbili ili lizoee mdomoni.

Mama Pasi alijifuta uso kwa upindo wa gauni. Hasira haikuwa imeisha, na alijua haitaisha leo wala kesho. Lakini kati ya watu wote walio hai, aliyewahi kukaa na mtoto wake ni huyu peke yake.

“Mama,” alisema, “zile asubuhi zote nilikuwa sokoni. Wewe ulikuwa naye. Sitaki unistahi tena. Niambie zote, alikuwa anafanya nini, anasema nini. Anza siku ya kwanza.”

Bibi aliinamisha kichwa akikumbuka.

“Siku ya kwanza,” alisema, “nilifungua mlango nikataka kumsemesha. Akaja mbio, akanivuta gauni nikainama, akaniwekea kidole mdomoni ninyamaze. Nami nikanyamaza.”

Mama Pasi alifumba macho. Kisha akayafumbua.

“Endelea,” alisema.